Talaka Kando ya Ziwa: Karne Moja ya Kuvunja Ndoa Naivasha

Kusini mwa Ziwa Naivasha, ndani ya shamba la Oserian, kuna nyumba nyeupe yenye kuba na mnara, iliyojengwa kwa mtindo wa Waarabu wa Afrika Kaskazini. Aliyeijenga, katika miaka ya 1920, ni mlowezi aliyeitwa Cyril Ramsay-Hill. Wazungu wenzake waliipa jina Djinn Palace. Nyumba chache katika Bonde la Ufa zimefungamana na talaka kama hii.

Mkewe Ramsay-Hill, Mary, alimwacha akamfuata Josslyn Hay, kijana aliyerithi cheo cha Erli wa Erroll mwaka 1928. Hay naye alikuwa na mke, Idina Sackville, ambaye kwake Hay alikuwa mume wa tatu. Ndoa mbili zikavunjwa, na mwaka 1930 Hay na Mary wakaoana na kuishi Oserian. Idina hakukaa bila mume: aliolewa mwaka huohuo, akaachana na huyo pia, akaolewa tena, akaachika tena. Waume watano, talaka tano. Hay mwenyewe aliuawa kwa risasi mwezi Januari 1941 nje ya Nairobi. Mwanamke aliyehusishwa na kisa hicho, Diana Broughton, alikuja kuolewa mwaka 1943 na Gilbert Colvile, mfugaji tajiri wa ng'ombe, na Djinn Palace ikawa makao yake. Mwaka 1955 Diana na Colvile walitalikiana, na mwaka uleule Diana akaolewa na Lord Delamere wa nne, jirani wa kule Soysambu, Elementaita. Colvile hakuweka kinyongo. Alipofariki mwaka 1966 alimwachia Diana mali yake.

Visa hivi vimeandikwa mara nyingi kama umbeya wa mabwanyenye. Lakini mtu akivitazama kwa jicho la sheria, swali linalobaki si nani alilala na nani. Swali ni hili: katika Naivasha ya wakati ule, ni nani aliyeruhusiwa kutalikiana mahakamani, na ni nani ambaye ndoa yake haikuhesabiwa kuwa ndoa hata kidogo?

Hata kwa walowezi mlango haukuwa mpana. Uingereza, ambako wengi wao walihesabiwa kuwa na makazi yao ya kisheria, ilitambua kosa moja tu la kuvunjia ndoa: uzinzi. Mpaka mwaka 1923 mke alipaswa kuthibitisha uzinzi wa mume pamoja na kosa jingine juu yake, kama ukatili au kutelekezwa. Mume alitosheka na uzinzi peke yake. Mume aliweza pia kumdai fidia ya fedha yule aliyemchukulia mke. Waliokubaliana kuachana kwa amani walikuwa na taabu kubwa kuliko waliochukiana, kwa sababu makubaliano yenyewe yalikuwa kosa: hakimu akigundua kwamba wawili wamepanga, anatupilia mbali ombi. Ndipo ukazuka mchezo wa hoteli. Bwana analipa mwanamke asiyemjua, wanakodi chumba, wanakaa wakicheza karata hadi asubuhi, kisha mhudumu aliyewaletea chai anaitwa kutoa ushahidi. Kila mtu kortini anajua ni maigizo.

Mchezo huo ulimkera A. P. Herbert, mwandishi na mbunge, naye ndiye aliyesukuma bungeni sheria ya 1937 iliyoongeza sababu nyingine: ukatili, kumtelekeza mwenzi kwa miaka mitatu, na wazimu usiotibika. Kenya iliinakili sheria hiyo katika Amri ya Mashauri ya Ndoa ya 1939, iliyoanza kutumika 1941. Ikatawala talaka za Wakenya kwa zaidi ya miaka 70.

Sasa tugeuke upande wa pili wa ua.

Kabla ya reli kufika Naivasha mwaka 1900, malisho ya kando ya ziwa yalikuwa ya Wamaasai, hadi mkataba wa 1904 ulipowahamisha kuelekea Laikipia ili walowezi wapate nafasi. Kwa Wamaasai ndoa ilifungwa kwa ng'ombe, na kuifungua kulikuwa kugumu sana, hasa watoto wakishazaliwa, maana watoto walibaki ni wa boma la aliyetoa mifugo. Mke aliyeonewa hakwenda kwa hakimu. Alikimbilia kwa baba yake au kwa ndugu zake, desturi inayoitwa kitala, na mume akalazimika kuja kwa unyenyekevu, kukaa mbele ya wazee na kujieleza, mara nyingi akitozwa mfugo. Ni utaratibu uliompa mke pumzi na mume aibu. Lakini mlango wa kutoka moja kwa moja haukumpa.

Wakikuyu waliokuja kufanya kazi katika mashamba ya Wazungu walikuja na utaratibu wao. Jomo Kenyatta, katika kitabu chake cha 1938 kuhusu maisha ya Wakikuyu, aliandika kwamba talaka ilikuwa nadra, na akataja sababu zilizokubaliwa kwa kila upande: mume aliweza kudai, kwa mfano, wizi wa mazoea au uchawi, mke aliweza kulalamikia ukatili, ulevi au mume asiyeweza kazi ya ndoa. Wazee wa kiama, yaani baraza lao, walisikiliza, na jambo zito lilikuwa hesabu ya mahari: mbuzi wangapi wamerudishwa, na wangapi wamesamehewa kwa kuwa watoto wamezaliwa. Katika Naivasha ya walowezi hesabu hiyo ilizidi ugumu. Mfanyakazi alikuwa mgeni kwenye ardhi ya bwana shamba, na wazee walioshuhudia mahari yake walikuwa Kiambu au Murang'a.

Serikali ya kikoloni iliitazama ndoa ya namna hii kwa dharau iliyoandikwa rasmi. Mwaka 1917, katika kesi ya Amkeyo, Jaji Mkuu Robert Hamilton aliamua kwamba mwanamke aliyeolewa kimila angeweza kutoa ushahidi dhidi ya mumewe, kwa kuwa muungano wao haukuwa ndoa machoni pa sheria. Kwake yeye ulikaribia zaidi kuwa ununuzi wa mke. Kwa uamuzi huo, Idina aliyebadili waume watano alikuwa mke halali mara tano. Mama wa Kimaasai aliyekaa bomani miaka 30 hakuwa mke wa mtu.

Waafrika waliobatizwa walipewa sheria yao, ya kwanza mwaka 1904 na nyingine mwaka 1931. Ilikuwa na faida na mtego. Mke aliyefunga ndoa kanisani alipata hadhi ya kisheria, na mume akikata shauri kuongeza mke wa pili kimila alikuwa anatenda jinai. Mtego ni kwamba ndoa ya kanisani haikuweza kuvunjwa na wazee hata wangerudisha mbuzi wote. Ilihitaji korti, na korti ilihitaji kosa kuthibitishwa, wakili na fedha. Wengi hawakujisumbua. Waliachana kwa miguu: mmoja akahama, akaanza maisha mapya na mtu mwingine, huku cheti cha kwanza kikibaki hai kabatini. Mirathi mingi inayopiganiwa leo, ambako wajane wawili hukutana kwa mara ya kwanza kwenye mazishi, ni tunda la ukimya huo.

Waislamu ndio waliokuwa na njia fupi zaidi. Talaka yao iliachwa chini ya sharia, ikitambuliwa na sheria za 1906 na 1920 na kusikilizwa na makadhi: talaka ya mume na eda yake, khului ambapo mke anajikomboa kwa kurudisha mahari, na faskhi ambapo kadhi anavunja ndoa kwa sababu ya madhara au kukosa matunzo. Katiba ya 2010 imeendelea kuwapa makadhi mamlaka hayo pale ambapo wote wawili ni Waislamu na wamekubali kwenda kwao. Wahindu nao walikuwa na sheria yao ya ndoa na talaka, ile ya 1960.

Kenya ilipata uhuru ikiwa na rafu nzima ya sheria za ndoa. Mwaka 1967 iliundwa tume chini ya Jaji Spry ili kuziunganisha, na ripoti ikatoka mwaka uliofuata. Hapa historia inacheka kidogo. Tanzania iliyachukua mapendekezo yanayofanana sana na ya tume hiyo ya Kenya na kupitisha Sheria ya Ndoa ya 1971, ambayo iliufanya msingi wa talaka kuwa ndoa iliyovunjika kiasi cha kutorekebishika. Kenya yenyewe ilipeleka mswada bungeni katika miaka ya 1970, wabunge wakaukataa, ukarudi, wakaukataa tena. Baadhi yao walilalama kwamba ungewapa wanawake kiburi na kumnyima mume haki ya kumrudi mkewe kwa kiboko. Ilichukua miaka 46 tangu ripoti ya Spry hadi Sheria ya Ndoa ya 2014, iliyofuta sheria saba kwa mpigo na kuzipa hadhi sawa ndoa za Kikristo, za kiserikali, za kimila, za Kihindu na za Kiislamu.

Kwa mkazi wa Naivasha wa leo, anayefanya kazi kwenye mashamba ya maua na kupanga chumba Karagita au Kamere, sheria hiyo ina maana gani? Kwanza, shauri lake husikilizwa karibu, katika Mahakama ya Naivasha, mbele ya hakimu. Anawasilisha ombi la talaka pamoja na kiapo na cheti cha ndoa, akieleza sababu: uzinzi, ukatili, upotovu wa kupindukia, kutelekezwa kwa miaka mitatu, au ndoa kuvunjika kabisa. Hiyo ya mwisho ndiyo mageuzi makubwa, kwa maana inabeba pia kutengana kwa angalau miaka miwili. Mwenzake hukabidhiwa nakala na kupewa muda wa kujibu. Asipojibu, shauri husikilizwa bila upinzani na linaweza kumalizika haraka. Akipinga, au akileta madai yake mwenyewe, safari ni ndefu. Mahakama inaweza kuwaelekeza kwanza kwenye usuluhishi, na kwa ndoa ya kimila wazee bado wana nafasi hiyo, ila si wao tena wanaotoa neno la mwisho. Mbuzi wakirudishwa bila amri ya korti, kisheria wawili hao bado ni mke na mume.

Hakimu akiridhika hutoa amri ya awali, kisha kuna muda wa kungoja, ambao siku hizi mara nyingi ni siku 30, kabla ya amri ya mwisho. Ungojaji huo ni urithi kutoka Uingereza: zamani ulikuwa miezi sita, ili afisa wa serikali apate nafasi ya kuchunguza kama wawili wamecheza ule mchezo wa hoteli. Anayefunga ndoa nyingine kabla ya amri ya mwisho anajitia matatani. Watoto hushughulikiwa chini ya Sheria ya Watoto ya 2022, na jukumu la kuwalea ni la wazazi wote wawili.

Sheria ya 2014 ilibakisha pia kizuizi cha kale: waliofunga ndoa ya kiserikali hawakuruhusiwa kuomba talaka kabla ya miaka mitatu. Wakili Tukero ole Kina alikipeleka Mahakama Kuu, na mwaka 2019 kikatangazwa kuwa kinyume cha Katiba.

Mali ni shauri jingine kabisa, na hapo ndipo ugomvi wa siku hizi ulipohamia. Kwa miongo mingi Kenya haikuwa na sheria yake. Mwaka 1971 Jaji Trevelyan aliamua kwamba sheria ya Kiingereza ya mwaka 1882 kuhusu mali ya wake ndiyo itumike. Mwaka 1991, katika kesi ya Kivuitu, Mahakama ya Rufaa ilimtazama mke kwa ukarimu. Mwaka 2007, katika kesi ya Echaria iliyohusu shamba la Tigoni, ikarudi nyuma na kusema kazi za nyumbani hazihesabiwi. Sheria ya Mali ya Ndoa ya 2013 iliubatilisha msimamo huo. Mchango sasa ni pamoja na kulea watoto, kutunza nyumba, kusimamia biashara, kulima, hata kumpa mwenzi wako usuhuba. Lakini mali hugawanywa kwa kadiri ya mchango, na lazima ndoa ivunjwe kwanza. Chama cha wanasheria wanawake, FIDA, kilipinga kigezo hicho mahakamani, kikashindwa mwaka 2018.

Tarehe 27 Januari 2023 Mahakama ya Upeo ilitoa hukumu mbili zinazofaa kusomwa pamoja. Katika ile ya Ogentoto, ilisema usawa wa Katiba si kanuni ya nusu kwa nusu. Kila mmoja athibitishe alichochangia, ingawa katika shauri hilo lenyewe mke alibaki na nusu yake ya nyumba. Katika nyingine ilizungumzia wanaoishi pamoja bila harusi wala mahari. Ilisema mahakama isikimbilie kudhania kwamba kuna ndoa, na ikakataa kuidhania katika kesi hiyo. Hata hivyo, aliyechangia kununua na kujenga anaweza kupata sehemu yake kwa njia ya amana inayotambuliwa na haki.

Hukumu hii ya pili ndiyo inayowagusa wengi zaidi katika vitongoji vya Naivasha, ambako vijana wa kutoka Kisii, Busia na Murang'a hukutana kazini na kuanza maisha kwa kuchanga kodi. Kama hakuna ndoa, hakuna cha kutalikiana. Kinachobaki ni kuthibitisha, risiti kwa risiti na ujumbe wa M-Pesa kwa ujumbe wa M-Pesa, nani alilipia ile ploti. Ndoa ya kimila iliyokamilika kwa mahari imeweza kusajiliwa tangu Agosti 2017, lakini hawa hawana hata hati hiyo ya kuweka mbele ya hakimu.