Sungura Hana Mpaka: Historia ya Hadithi za Urafiki wa Wanyama Kusini mwa Nyanza

Ogwedhi ni soko la mpakani. Upande mmoja ni kaunti ya Migori, ambako wengi wanazungumza Dholuo. Upande wa pili ni Trans Mara, kaunti ya Narok, kwa Wamaasai. Wakuria na Wagusii nao hawako mbali. Ng'ombe wamevuka mpaka huu kwa kuuzwa, na mara nyingine kwa kuibwa usiku, na kila wizi umeacha kinyongo kilichochukua muda kupoa. Lakini yuko msafiri mmoja ambaye hakuna aliyewahi kumuuliza ni wa kabila gani. Wajaluo wanamwita Apuoyo, yaani sungura. Wamaasai wana sungura wao, na ukivisikiliza visa vyake utamjua mara moja kuwa ni yule yule: mdogo wa mwili, mwepesi wa ulimi, rafiki wa kila mnyama anayemzidi ukubwa, na hasara kwa kila aliyekubali kuwa rafiki yake.

Hadithi za namna hii, za wanyama wawili wanaopatana na kuchekeshana mbele ya watoto wadogo, zina historia ndefu katika nchi ya Migori na Homa Bay. Ninashikilia kwamba kicheko ndicho roho yake, na kwamba kila zilipohamishwa, kicheko ndicho kilichotangulia kupotea.

Nyumba ya kwanza ya hadithi hizi ilikuwa siwindhe. Katika boma la Wajaluo wa zamani, wasichana na watoto wadogo walilala katika nyumba ya mwanamke mzee, na mzee huyo aliitwa pim. Simeon Ominde aliandika juu ya malezi hayo katika kitabu chake cha 1952 kuhusu msichana wa Kijaluo, na mwanahistoria David William Cohen alirudi mlangoni kwa pim katika miaka ya 1980, akaonyesha kwamba mengi ambayo jamii ilijua juu ya ukoo, majirani, ndoa na adabu yalipitia kinywani mwake. Pim mara nyingi hakuwa mzaliwa wa boma lile. Alikuja na hadithi za kwao, na watoto wakakua wakijua mambo ya mbali kuliko macho yao yalivyoweza kufika.

Hadithi yenyewe, sigana, ilikuwa kazi ya usiku, na haikuwa ya mtu mmoja. Watoto waliitikia, waliimba, na kila mmoja alingojewa atoe yake. Aliyemaliza alisema "Thu tinda", kisha akajiombea akue awe mrefu kama mti ulio kwa mjomba wake.

Hebu tumtazame fisi, Ondiek, ambaye ndiye mshirika wa kudumu wa Apuoyo. Jana aliponzwa na sungura. Leo anamkuta njiani, anamkaripia, anabembelezwa kwa maneno matamu, na kabla jua halijazama wameshakubaliana kwenda pamoja mahali penye nyama. Mtoto wa miaka minne anajua litakalotokea. Fisi hajui. Hapo ndipo kicheko kinapozaliwa: yule mdogo kabisa ndani ya nyumba, ambaye mchana kutwa ameambiwa hajui kitu, usiku anamzidi akili mnyama mwenye meno ya kuvunja mifupa. Msimulizi hodari hakuharakisha. Alimpa fisi sauti nzito ya puani, akamwacha ajisifu, akanyamaza kidogo, na watoto wakashindwa kuvumilia. Fisi hakuwa mnyama wa kubuni tu. Bonde la Lambwe huko Homa Bay, ambamo leo imo hifadhi ya taifa ya Ruma, bado lina fisi, na mtoto aliyeogopa mlio wake gizani alikuwa na haki ya kumcheka akiwa salama kando ya moto.

Upande wa Wamaasai, A. C. Hollis alichapisha mwaka 1905 kisa cha sungura na tembo, na Naomi Kipury akakirudia katika mkusanyo wake wa 1983. Tembo wanasafiri kwenda kutembea kwa watu, wamebeba asali ya zawadi. Sungura anaomba avushwe mto. Tembo mmoja, kwa wema wake, anampandisha mgongoni. Huko juu sungura anakula asali, na matone yakimdondokea tembo, sungura anasema ni machozi yake. Kisha anaomba mawe ya kurushia ndege, na mawe hayo ndiyo anayojaza mahali pa asali. Mzigo unabaki na uzito ule ule. Ni kisa cha watu wanaojua maana ya kuvuka mto na zawadi kwenda kwa wengine, na kwa hiyo kinakaa vizuri sana Ogwedhi. Mtoto wa upande wowote wa soko lile anaelewa aibu ya kufungua mzigo mbele ya wenyeji.

Maandishi yalikuja na misheni. Waadventista walifika Gendia, karibu na Kendu Bay, mwaka 1906, na kisomo cha Dholuo kikakua kwa maandiko matakatifu na nyimbo za ibada. Mwaka 1938 Paul Mboya, chifu wa Karachuonyo, alitoa kitabu chake kikubwa cha mila na desturi za Wajaluo kwa Dholuo, hazina ambayo bado inafunguliwa hadi leo. Lakini hicho hakikuwa kitabu cha Apuoyo.

Mwaka 1964 Ominde yule yule aliongoza tume ya elimu ya Kenya huru. Tume ilikubali Kiingereza kiwe lugha ya kufundishia tangu darasa la 1, ila ikataka katika madarasa matatu ya mwanzo kitengwe kipindi kila siku cha hadithi kwa lugha ya mama. Naona mkono wa mtu aliyeijua siwindhe. Naona pia udhaifu wa pendekezo lenyewe, kwa kuwa kipindi kisicho na mtihani ndicho cha kwanza kumegwa na hesabu.

Vitabu vya hadithi vilipokuja, vingi vilikuja kwa Kiingereza. East African Publishing House ilianza 1965. Mwaka uliofuata Pamela Kola akatoa hadithi za asili ya mambo, na 1967 Asenath Bole Odaga akatoa mkusanyo uliobeba jina la blanketi la sungura. Odaga, aliyezaliwa 1937 na kufariki 2014, ndiye ninayemheshimu kuliko wote katika historia hii. Aliandika kwa Kiingereza na kwa Dholuo, alianzisha kampuni ya uchapishaji Kisumu, na mkusanyo wake wa 1980 aliupa jina la yale maneno ya kumalizia sigana, Thu Tinda. Alijua kwamba hadithi isiyo na sauti za wasikilizaji imebaki nusu.

Katika kuchapisha visa vya wanyama, Pwani ilitangulia. Askofu Edward Steere alichapisha visa vya Unguja mwaka 1870, na humo yumo kima aliyefanya urafiki na papa, akakaribia kuupoteza moyo wake kwa sababu ya urafiki huo. Kisa hicho kilitoka India kwa njia ya Kalila na Dimna, na kwa hiyo watoto wa Bahari ya Hindi wamekuwa wakicheka urafiki wa hatari kwa karne nyingi. Pwani hiyo hiyo ikatupa urafiki wa kweli: Owen, kiboko mchanga aliyeokolewa karibu na Malindi baada ya tsunami ya Desemba 2004, akajibandika kwa Mzee, kobe mkongwe wa Haller Park, Mombasa. Paula Kahumbu alishiriki kuandika kitabu chao cha watoto, chenye picha za Peter Greste, na kikapendwa duniani. Ni kizuri. Hata hivyo mtoto wa ufuoni Homa Bay, anayemjua kiboko kama mharibifu wa shamba la mama yake, atakisoma kwa macho mengine, na angefurahi zaidi kama kobe angekuwa na ujanja kidogo.

Siku hizi mtaala wa umilisi umeirudisha lugha ya mama katika madarasa ya chini, na African Storybook, mradi ulioanzishwa Afrika Kusini, unatoa bure visa vifupi vyenye picha, Dholuo na Kiswahili vikiwemo. Kurasa zipo. Kinachokosekana Ogwedhi ni kitabu kimoja chenye sungura wa pande zote mbili za soko, kwa Dholuo, Kimaasai na Kiswahili, kilichoandikwa kutoka kwa wasimulizi walio hai, na miitikio ya watoto ikiwekwa mahali pake katika ukurasa. Bibi wanaoweza kumpa fisi sauti yake bado wapo. Walimu wa darasa la 1 wanawajua kwa majina, na kazi hiyo inaweza kuanza muhula ujao.