Ubaguzi wa nasaba na watu wa Ziwa Nyasa

Ubaguzi wa nasaba ni desturi ya kumpangia mtu kazi, makazi na mchumba kwa kutazama aliyemzaa. Mfano unaojulikana zaidi ni wa Wadalit wa India, walioitwa wasioguswa: walizuiwa visima na mahekalu, wakaachiwa mizoga na vinyesi. Katiba ya India ya mwaka 1950 ilipiga marufuku kutengwa huko katika ibara ya 17, lakini mwaka 1989 ilibidi itungwe sheria nyingine ya kuwaadhibu wanaowashambulia Wadalit na watu wa makabila ya asili. Msomaji wa Ngana, katika tambarare ya Kyela jirani na mpaka wa Mto Songwe, anaweza kudhani habari hiyo ni ya ng'ambo. Inamhusu, tena kwa karibu. Historia ya watu wa ziwa lake inaonyesha kwamba tabaka la kuzaliwa halitoki katika damu wala katika mila za kale. Hutengenezwa, na vizazi viwili vitatu vinatosha. Watu waliokuwa wana wa ukoo kwao waligeuzwa wasio na kufu, yaani wasiolingana na wengine kwa ndoa, huko walikopelekwa.

Tuanze nyumbani. Wanaanthropolojia Monica na Godfrey Wilson, waliokaa na Wanyakyusa katika miaka ya 1930, waliandika habari za vijiji vya rika. Wavulana waliondoka kwa baba zao wakajenga pamoja pembeni, wakaoa hapohapo na kuzeeka pamoja. Kila kizazi kilipopokea nchi kwa sherehe ya ubusoka, walichaguliwa mafumu wapya wa kuongoza vijiji, nao walitoka kwa watu wa kawaida; cheo hicho mwana hakukirithi kwa baba yake. Kwa mpangilio huo ni vigumu ukoo mmoja kulimbikiza heshima, au mwingine kulimbikiziwa aibu, kwa kuwa majirani wa mtu ni wenzake wa umri na si ndugu zake wa damu. Itajibiwa kwamba malafyale, mtawala wa nchi, hata hivyo alitawala kwa nasaba, na kwamba masimulizi huwapa mababu wa watawala sifa ya kushuka kutoka Ukinga na moto na ng'ombe, huku wenyeji wakisemwa walikula vibichi. Ni kweli, na dharau imo katika masimulizi hayo, haifai kuifunika. Ila malafyale alioa mabinti wa watu wa kawaida, na wana wake wengi, ambao hawakupewa nchi, waliishia kuwa watu wa kawaida. Utawala wa kurithi ni jambo moja. Mlango wa ndoa uliofungwa ni jambo jingine, na ndio unaozaa tabaka. B. R. Ambedkar, mwanasheria aliyezaliwa miongoni mwa wasioguswa, alilitambua hilo mapema katika andiko lake la mwaka 1916: kiini cha mfumo huo wa India ni kuoana ndani kwa ndani.

Biashara ya utumwa iliwatoa watu wa ziwa katika mpangilio wao. Mwaka 1887 Mlozi bin Kazbadema, mfanyabiashara wa pembe na watumwa aliyejenga boma karibu na Karonga, aliwashambulia Wangonde, ndugu wa Wanyakyusa kwa lugha na asili. Wengi walikimbilia kaskazini kuvuka Songwe. Waingereza walimnyonga Mlozi Desemba 1895. Lakini kwa miongo mingi kabla yake misafara ilikuwa imeshapita kuelekea Kilwa, na huko pwani jina Mnyasa lilifunika watu wa kila upande wa ziwa. Halikutaja tena kabila. Lilitaja daraja, kama yalivyofanya maneno mtwana, mjakazi na mzalia. Sheria za kufuta utumwa zilikuja moja baada ya nyingine: Unguja mwaka 1897, pwani ya Kenya mwaka 1907, Tanganyika mwaka 1922. Zilimwondolea bwana haki ya kumiliki mtu, lakini hazikugusa neno kufu, ambalo liliendelea kuamua nani amwoe binti wa nani. Ndiyo maana umaarufu wa mwimbaji Siti binti Saad wa Fumba, Unguja, binti wa Mnyamwezi na Mzigua, ulikuwa zaidi ya habari ya muziki: sauti ya mtu wa daraja la chini ilisikilizwa katika nyumba za wakubwa.

Ushahidi mzito uko bonde la Juba, Somalia. Wayao, Wanyasa, Wamakua, Wangindo, Wazaramo na Wazigua waliuzwa kwenye mashamba ya Benadir katika karne ya 19. Waliotoroka walijikusanya katika misitu ya Gosha, na kiongozi wao Nassib Bunda aliwapa nguvu ya kujilinda. Waitalia walifuta utumwa, kisha wakawakamata watu walewale kwa kazi ya lazima katika mashamba yao. Msomali wa ukoo wa wafugaji huwaita jareer, wenye nywele ngumu. Neno zito zaidi ni adoon, mtumwa. Dini ni moja, na kwa wengi wao lugha ni moja, lakini ndoa hukataliwa. Hapa linajibika pingamizi kwamba tabaka ni jambo la Wahindu na kwamba kulitumia kwingine ni kulivuta neno: Uislamu haufundishi daraja hilo, nalo lipo. Kamati ya Umoja wa Mataifa ya kupinga ubaguzi wa rangi ilieleza mwaka 2002 kwamba ubaguzi wa nasaba unajumuisha tabaka za kuzaliwa na mifumo mingine inayofanana nazo ya hadhi ya kurithiwa.

Hata India yenyewe ina sehemu katika habari hii. Masidi wa Gujarat na Karnataka, vizazi vya Waafrika waliovushwa bahari, wamo katika baadhi ya maeneo kwenye orodha ya serikali ya makabila yanayostahili hifadhi. Mji wa Nashik, ambako wamisionari waliwalea Waafrika waliookolewa majahazini kabla ya baadhi yao kuletwa Freretown, Mombasa, ndio mji ambao mwaka 1930 Ambedkar aliongoza Wadalit kudai kuingia katika hekalu la Kalaram.

Wapo wanaosema kwa nia njema kwamba kutaja asili ya utumwa ni kutonesha kidonda. Nia hiyo naiheshimu, lakini kimya kimewasaidia wenye mamlaka kuliko wenye kidonda. Mwaka 2000, huko Arta, Djibouti, viongozi wa Somalia waligawana viti kwa kanuni ya 4.5: koo kubwa nne zilipata fungu zima kila moja, na wengine wote, jareer wakiwamo, nusu. Miaka tisa kabla yake, vita vilipoanza mwaka 1991, wakulima hao hawakuwa na ukoo wenye silaha wa kuwatetea. Waliporwa nafaka wakakimbilia kambi za Dadaab, Kenya. Wazigua waliokuwa bado wanazungumza Kizigua waliweza kurudi Handeni, wakapewa makazi ya Chogo na baadaye wengi wakapata uraia wa Tanzania. Wenye asili ya Wanyasa na Wayao, ambao lugha za mababu zilikuwa zimewatoka, hawakuwa na ushahidi kama huo. Msumbiji iliombwa kuwapokea wakimbizi hao wa Juba mwishoni mwa miaka ya 1990, haikuweza, na tangu mwaka 2003 kama 12,000 kati yao walipelekwa Marekani.