Kutengwa katika Usukuma

Kutengwa ni adhabu ya kijiji kukata ushirikiano na mtu, au kaya nzima, bila kumhamisha. Mtengwa hubaki na nyumba, shamba na ng'ombe wake. Anachopokonywa ni majirani. Kwa hiyo kutengwa si kufukuzwa, wala si ugeni. Wahadzabe na Wataturu wa Meatu, wilaya ya Usukuma, kwa mfano, ni makabila mengine tu. Hakuna baraza lililowahukumu.

Hukumu hutolewa na dagashida, mkutano wa jadi wa wananchi, au na Sungusungu, ulinzi ulioibuka mwanzoni mwa miaka ya 1980 dhidi ya wezi wa ng'ombe na kutambuliwa kisheria mwaka 1989. Makosa yanayoleta hukumu hiyo hasa ni ya kuikaidi jamii: kutoitikia yowe la hatari, kukwepa mazishi, kugoma kulipa faini.

Kinachokatwa ni salamu, moto na msiba. “Mwangaluka” ya mtengwa asubuhi haiitikiwi, na anayeiitikia hutozwa faini yeye. Kunyimwa moto kuliuma enzi za kuomba kaa kwa jirani. Kiberiti kimepunguza makali. Msiba haujapata kiberiti chake. Kaburi katika ardhi kavu ya Meatu ni kazi ya vijana wengi wa kupokezana jembe na sururu, na mfiwa aliyetengwa huchimba na wanawe tu, huku majirani wakipita njiani na ng'ombe wao kama hawaoni.

Kurejea kuna utaratibu. Mtengwa hutanguliza mzee wa kumwombea, kisha hulipa mchenya, yaani faini, mara nyingi ng'ombe. Ng'ombe huyo huchinjwa na kuliwa na wale wale waliomnyamazia, na anayekula nyama hiyo hana tena sababu ya kutoitikia salamu.

Iko aina ya pili, isiyo na kikao, nayo ndiyo mbaya zaidi. Bibi kizee aliyepikia kuni na samadi miaka mingi huwa na macho mekundu kwa moshi. Katika Kanda ya Ziwa, macho hayo yamechukuliwa kuwa dalili ya uchawi, na wapo waliouawa. Kwa kuwa hakuhukumiwa, hakuna wa kumpelekea mzee wala mchenya wa kulipa. Aliye na binti aliyeolewa mbali huhamia huko.