Mtunzi na Mtia-Sauti wa Katuni za Televisheni

Bibi aliyetamba ngano jioni huko Kachibora, mashariki ya Kitale, alikuwa mtunzi na mwigizaji kwa pamoja: fisi alimpa sauti nzito, sungura nyembamba. Televisheni ilizitenga kazi hizo mbili. Mwaka 2010 Tinga Tinga Tales, iliyotengenezwa Nairobi na Homeboyz kwa mtindo wa uchoraji wa Edward Saidi Tingatinga, ilianza kuonyeshwa Uingereza. Ngano zilikuwa za Afrika, lakini ziliandikwa kwa Kiingereza, na miongoni mwa waliozitilia sauti alikuwamo Lenny Henry wa huko Uingereza. Mwaka 2014 Ubongo Kids ya Dar es Salaam ilianza kwa Kiswahili, Kiingereza kilifuata.

Tofauti hiyo, kwa maoni yetu, ni kubwa kuliko idhaniwavyo. Kwa desturi ya kazi hii sauti hurekodiwa kwanza, kisha mdomo huchorwa kuifuata. Sasa, kauli ya Kiingereza ya silabi tatu yaweza kuwa kwetu “nilikuambia”, silabi sita. Mwigizaji wa tafsiri hana budi kuyakimbiza maneno, maana mdomo wa mnyama umekwisha kufumbwa.