Kombania ya Tisa na Mgambo wa Lukaya

Watazamaji wa mabanda ya video, wawe wa Kariakoo au wa Gehandu huku Hanang, wanaijua kanuni moja: steringi, yaani shujaa wa filamu, hafi. Filamu ya Kirusi ya Fyodor Bondarchuk iliyotoka mwaka 2005, ambayo kwa lugha ya makambini tungeiita Kombania ya Tisa, imeishika kanuni hiyo kikatili. Vijana wa jeshi la Kisovieti wanapandishwa kilimani Afghanistan, jeshi linafungasha kuondoka, makamanda wanawasahau, maadui wanawamaliza. Anabaki mmoja.

Kilima hicho, nambari 3234, kilipiganiwa kweli, usiku wa kuamkia Januari 8, 1988, mwaka mzima kabla ya askari wa mwisho wa Kisovieti kuvuka mpaka kurudi kwao. Waliokilinda walikuwa 39. Walikufa 6, wakajeruhiwa 28. Wala hawakusahauliwa: simu ya upepo ilifanya kazi usiku kucha, na mizinga ya wenzao iliwasaidia kutoka mbali. Misiba sita kwa mama sita. Mtengeneza filamu akaona haitoshi.

Nasi tuna vita vyetu. Baada ya Idi Amin kuvamia Kagera mwishoni mwa Oktoba 1978, zilitoka filamu mbili. Mwaka 1980 Tanzania Film Company na Audio Visual Institute walitoa Vita vya Kagera, filamu ya kumbukumbu, ya rangi, inayosifu ushujaa wa jeshi letu. Mwaka uliofuata ikaja ya Kenya, Rise and Fall of Idi Amin, iliyoongozwa na Sharad Patel, Joseph Olita akiigiza kama Amin. Olita alifanana na Amin mno, na hapo ndipo kamera iliponasa: dikteta akajaza kioo kizima. Katika ile ya kwanza steringi ni jeshi, katika ya pili ni adui. Kijana mmoja mmoja hana nafasi katika yoyote kati ya hizo.

Nasema kijana kwa sababu jeshi lililoingia Uganda halikuwa la askari wa kambini peke yao. Mgambo wapatao 40,000 waliongezwa, watu waliotoka kwenye majembe na mifugo. Kwa taarifa rasmi, wanajeshi wetu 373 walikufa katika vita vile, na kati yao 96 tu ndio walikufa mapiganoni. Wale 277 walikufa vifo ambavyo filamu za vita hazina subira navyo.

Kama ningepewa kamera, ningeipeleka Lukaya, kwenye barabara ya Masaka kwenda Kampala, Machi 10, 1979. Brigedi yetu ya 201, ambayo karibu yote ilikuwa mgambo, ilikutana pale na Walibya waliotumwa na Gaddafi kumwokoa Amin, wakiwa na vifaru vya T-55 na makombora ya Katyusha, silaha za Kisovieti zote. Makombora yalipita juu ya vichwa, hayakumpata mtu. Lakini mgambo wengi hawakuwa wamewahi kusikia mlio wa namna ile, wakatimua mbio gizani.

Hicho ndicho kipande ambacho mtunzi wa sinema ya kishujaa angekikata. Mimi ningekiacha kirefu: giza, mtu anamwita mwenzake, hajui nani yuko mbele na nani nyuma. Usiku ule Brigedi yetu ya 208, ya kamanda Mwita Marwa, ilizunguka ikatokea nyuma ya adui. Kulipokucha, wale wale waliokimbia jana walishambulia kutoka mbele. Walibya wapatao 200 walikufa. Upande wetu walikufa wanane.

Kijana wa miaka 20 usiku ule alizaliwa mwaka 1958 au 1959. Kama bado yupo, ni mzee anayejua kwa nini alikimbia, na kwa nini alirudi.