Peer Raben: Muziki Nyuma ya Pazia

Kijana mwenzangu, Fassbinder pengine umemsikia. Je, Peer Raben? Jamaa huyu alizaliwa Bavaria, Ujerumani, mwaka 1940, jina lake hasa Wilhelm Rabenbauer. Mwaka 1968, mjini Munich, yeye na Fassbinder walikuwa miongoni mwa waanzilishi wa kundi la maigizo, antiteater. Fedha haba, kazi tele! Raben ndiye aliyetunga muziki wa filamu "Die Ehe der Maria Braun" (1979) na "Lola" (1981), lakini sifa zikamwendea mwongozaji. Mwaka 1982 Fassbinder akafa, miaka 37 tu. Je, na Raben kwisha? Wapi! Mwaka 2004 Wong Kar-wai wa Hong Kong aliutumia muziki wake katika "2046". Raben alifariki 2007. Basi wewe unayeandika na jina halijulikani, usitupe kalamu.