UZI: Gari, jiko na simu. Kwa nini uvumbuzi mmoja hufaulu na mwingine hubaki karakana

1/ Kila uchaguzi ukikaribia, hoja ya viwanda hurudi jukwaani. Upande mmoja unasema tulitengeneza gari letu wenyewe 1990, tukahujumiwa. Upande wa pili unajibu kwamba sisi ni watu wa kununua tu, kutengeneza hatuwezi. Halafu anatokea wa tatu, anaahidi kituo cha ubunifu kila kaunti. Makofi, mjadala kwisha.

2/ Huu uzi hautaji mwanasiasa wala chama. Nataka tuangalie vitu vitatu vilivyofanyika hapa hapa Kenya: gari la Nyayo, jiko la makaa la bati na udongo, na M-Pesa. Kimoja hakikufika sokoni. Viwili viliingia majumbani hadi tukasahau kwamba viliwahi kuwa vipya. Tofauti ilikuwa wapi? Nadhani pande zote mbili za mjadala zinakosea.

GARI

3/ Mwaka 1986 mkuu wa nchi aliagiza Chuo Kikuu cha Nairobi kitengeneze gari la Kenya. Wahandisi wakaingia kazini pamoja na mafundi wa karakana za reli. Mwaka 1990, pale Kasarani, gari likazinduliwa. Yalikuwa magari matano ya majaribio, na inasemekana yalifika mwendo wa kilomita 120 kwa saa. Kwa hivyo ile hoja ya "hatuwezi" iwekwe kando. Gari lilitembea.

4/ Kisha ikaundwa Nyayo Motor Corporation ili iyatengeneze kwa wingi. Pesa hazikupatikana. Hakuna mwananchi aliyewahi kwenda dukani akanunua moja. Mitambo na ujuzi havikupotea vyote: shirika likageuka kuwa Numerical Machining Complex, linalotengeneza vipuri. Lakini gari lenyewe likabaki hadithi.

5/ Wengi huishia hapo: "pesa ziliisha." Ni kweli, ila hilo ni jibu nusu. Kutengeneza gari moja na kutengeneza magari elfu kumi ni kazi mbili tofauti kabisa. Gari moja, kipuri kikikataa kuingia, fundi anakipiga tupa hadi kiingie. Magari elfu kumi yanataka vipuri vinavyofanana kila kimoja, watu wa kuleta vioo, mpira, nyaya na nati bila kuchelewa, na duka la vipuri Kisii na Garissa pia.

6/ Halafu kuna soko. Tangu miaka ya 1970 tayari tulikuwa na viwanda vya kuunganisha magari Thika, Mombasa na Nairobi. Vilipokea magari vipandevipande kutoka nje na kuyaunganisha. Waliokuwa na uwezo wa kununua gari jipya walikuwa wachache hata kwa viwanda hivyo. Miaka ya 1990 milango ya biashara ilipofunguliwa, magari yaliyotumika kutoka nje yakamiminika. Gari lisilo na jina lingeshindana na hayo kwa nini hasa? Bei? Vipuri? Sifa?

7/ Ukiangalia vizuri, mteja wa gari la Nyayo alikuwa mmoja tu: serikali. Na serikali haikuwa ikitafuta usafiri. Ilikuwa inataka jibu la swali "tunaweza?" Pale Kasarani ikapata jibu. Baada ya hapo hakukuwa na mtu mwingine anayelisubiri lile gari kwa hamu, akiwa na pesa mkononi.

JIKO

8/ Sasa twende Shauri Moyo na Gikomba. Jiko la bati la kawaida lilikuwepo tangu enzi za ujenzi wa reli. Linapika, lakini joto linapotea pembeni na makaa yanaisha haraka. Mwaka 1981 Nairobi ilikuwa mwenyeji wa mkutano wa Umoja wa Mataifa kuhusu nishati mpya, na gumzo la kuni na makaa likapamba moto.

9/ Wazo la kutia udongo wa kuchoma ndani ya jiko halikuwa letu. Lilitoka kwa majiko ya ndoo ya Thailand. Wabunifu wa hapa, Max Kinyanjui akiwa mmoja wao, pamoja na mashirika yaliyounganishwa chini ya KENGO, Wizara ya Nishati na pesa za msaada kutoka Marekani, walilichukua wakalibadilisha likafaa ugali na sufuria zetu.

10/ Na halikufaulu siku ya kwanza. Matoleo ya mwanzo yalikuwa na udongo unaopasuka. Wapishi wakalalamika, mafundi wakarekebisha. Ndipo tukapata ile shepu tunayoijua: kiuno chembamba kinachoshika udongo upande wa juu, na kitako kipana ili lisipinduke mtu akisonga ugali. Hiyo shepu haikutoka kwa mhandisi mmoja aliyejifungia ofisini. Ilitoka kwa malalamiko ya jikoni.

11/ Jambo la pili: halikufungiwa hataza. Fundi yeyote wa Kamukunji angeweza kulitazama, kulipima na kugonga lake. Bei ya mwanzo ilikuwa juu, karibu dola 15. Mafundi walivyozidi kuwa wengi, ushindani uliishusha hadi dola chache tu. Kufikia katikati ya miaka ya 1990 majiko zaidi ya laki saba yalikuwa yameuzwa. Nchi jirani nazo zikaiga.

12/ Jambo la tatu, mimi naliona la maana zaidi: mnunuzi alikuwa na sababu yake binafsi. Jiko hili linaokoa makaa, kwa makadirio ya kawaida kati ya asilimia 30 na 50. Mama anayenunua makaa ya mkebe kila siku hahitaji hotuba ya misitu. Anahesabu. Baada ya wiki kadhaa jiko limejilipa. Misitu ikipona kidogo, hiyo ni faida ya taifa juu ya faida yake.

13/ Wahenga walisema kizuri chajiuza. Kwa uvumbuzi si kweli kabisa. Jiko lilihitaji watu wa kufundisha mafundi, kulionyesha sokoni na kuelezea. Hapo ndipo pesa za umma na za msaada zilifanya kazi. Zililipia mafunzo na majaribio. Hazikulipia kila jiko, na ndiyo maana wafadhili walipoondoka, biashara haikufa.

SIMU

14/ M-Pesa wote tunaijua, lakini mwanzo wake wengi hawaujui. Majaribio yalianza 2005, Nairobi na Thika, na mamia ya wateja tu. Sehemu ya gharama ililipwa na mfuko wa serikali ya Uingereza, uliotaka kampuni binafsi zijaribu kuwafikia watu wasio na benki. Lengo? Kulipa mikopo midogo midogo kwa simu. Basi.

15/ Wateja wakafanya yao. Badala ya kulipa mikopo peke yake, walianza kutumiana pesa. Mtu wa Nairobi anatuma kwa mzazi kijijini, mfanyabiashara anaweka pesa kwa simu asafiri bila noti mfukoni. Wenye mradi wangeweza kusema "hamtumii inavyotakiwa." Waliangalia, wakabadilisha mpango. Ilipozinduliwa Machi 2007, ujumbe ukawa mmoja: tuma pesa nyumbani. Ndani ya mwaka mmoja wateja walipita milioni.

16/ Ona pia kilichokuwepo tayari. Watu walikuwa na simu. Walishatumiana kredo kama aina ya pesa. Maduka ya kuuza kadi za kukwaruza yalikuwa kila kona, na hayo hayo yakawa mawakala. Tulishakuwa na desturi ya kutuma pesa nyumbani kwa dereva wa basi au kwa mtu anayesafiri, tukiomba Mungu ifike. Hitaji lilikuwepo miaka mingi kabla ya teknolojia.

17/ Serikali ilikuwa wapi? Benki Kuu ingeweza kuua kitu chote kwa barua moja, maana hakukuwa na sheria ya pesa za simu. Ilichunguza, ikataka pesa za wateja zihifadhiwe kando katika akaunti za benki chini ya wadhamini, kisha ikaruhusu. Mwishoni mwa 2008, baada ya malalamiko ya benki, uchunguzi ukaagizwa. Matokeo yakawa huduma ni salama. Sheria ya mifumo ya malipo ilikuja 2011. Kwanza jaribio dogo chini ya jicho la msimamizi, sheria baadaye.

TUPIMANE

18/ Sasa weka vyote vitatu mezani. Gari lilikuwa na wahandisi wazuri, pesa za kuanzia na baraka zote za juu. Jiko lilianza na wazo la kuazima. M-Pesa ilianza na kusudi ambalo wateja walilipita. Kama ingekuwa ni akili au uzalendo, gari ndilo lingeshinda.

19/ Kwa maoni yangu mambo manne yalileta tofauti:
- mnunuzi anayejulikana, mwenye sababu yake mwenyewe ya kulipa;
- mikono iliyopo tayari ya kutengeneza na kuuza (mafundi wa jua kali, maduka ya kredo);
- nafasi ya kukosea kwa udogo na kurekebisha kabla ya uzinduzi mkubwa;
- serikali inayofungua mlango na kulipia jaribio, bila kuwa mteja wa pekee.

20/ Najua mtakachojibu: "Korea Kusini serikali ilisukuma magari na wakafaulu." Kweli. Lakini tazama walivyofanya. Hyundai ilianza kwa kuunganisha magari ya Ford mwishoni mwa miaka ya 1960. Pony, gari lao la kwanza wenyewe, lilikuja katikati ya miaka ya 1970 likiwa na injini ya teknolojia ya Mitsubishi na umbo lililochorwa na Mwitaliano Giugiaro. Hawakuona aibu kuazima.

21/ Zaidi ya hapo, serikali yao ilitoa mikopo nafuu lakini ikadai kitu: uza nje. Kampuni iliyoshindwa kuuza nje ilijua msaada una mwisho. Mnunuzi wa nje hakuhurumii kwa sababu wewe ni Mkorea. Hicho ndicho kipimo ambacho gari letu halikupewa. Lilipimwa kwa makofi.

22/ Na tusiyafanye haya mafanikio mawili kuwa hadithi ya malaika. Jiko bila hataza lilileta pia majiko duni, udongo wa kupasuka mapema, mnunuzi akalia. M-Pesa imefanya kampuni moja kuwa na nguvu kubwa mno katika malipo ya nchi nzima, na mjadala wa ada na ushindani haujaisha. Uvumbuzi ukifaulu, kazi ya serikali haiishi, inabadilika.

23/ Kwa nini najisumbua na hii historia? Kwa sababu kijana wa rika langu ameambiwa awe mbunifu kama vile ubunifu ni kibarua. Anapewa mafunzo ya wiki moja, cheti na picha ya pamoja. Akirudi mtaani, hana mnunuzi, hana mahali pa kujaribu, na kibali kinamsumbua miezi. Akianguka anaambiwa hakujituma. Kumbe aliachwa kama lile gari: alizinduliwa, akaachwa.

24/ Na ni pesa zetu. Jengo la ubunifu linapigwa picha siku moja na kulipiwa miaka mingi. Kwa bei hiyo hiyo unaweza kulipia majaribio mengi madogo, ukakubali kwamba mengi yataanguka. Lakini jaribio lililoanguka halina utepe wa kukatwa, ndiyo sababu halipendwi jukwaani.

25/ Kwa hivyo mgombea yeyote, wa upande wowote, akija mtaani kwenu na ahadi ya kiwanda au kituo cha ubunifu, muulizeni haya:
- Nani atanunua, na kwa nini atanunua hiki aache kile anachonunua leo?
- Nani tayari anafanya kazi inayokaribiana na hii, na mmeongea naye?
- Mtajaribu wapi kwanza, kwa udogo gani?
- Mtajua vipi imeshindwa, na mtaacha lini?

26/ Swali la mwisho ndilo huwa gumu kwao. Akilijibu kwa tarehe na kiasi cha pesa, msikilizeni, huyo amefikiria. Akilijibu kwa wimbo, mnajua la kufanya. Na kama wewe ni fundi, uligonga jiko Kamukunji au ulikuwa wakala wa miaka ya mwanzo, ongeza hapa chini. Nyinyi mna sehemu ya historia hii ambayo haiko kwenye vitabu.